Mzee anasema bwana Myahudi alikuwa "mtu wa Hitla": nimkate kwenye filamu au nimwache?

Nyokabi_Lenzi aliandika:

Habari zenu wanajukwaa. Kuna jambo limeninyima usingizi wiki ya tatu sasa. Naomba majibu ya waliowahi kushika kamera, au walau waliowahi kumsikiliza mzee mpaka akamaliza mwenyewe.

Ninatengeneza filamu ya hali halisi, dakika 52, kuhusu Wayahudi waliopitia Kenya na jinsi wanavyokumbukwa, na wao wenyewe na sisi. Nikiwa chuoni nilipita pale kona ya University Way na Uhuru Highway miaka minne mizima, nikidhani lile jengo nyuma ya ukuta ni ubalozi. Siku nilipoambiwa ni sinagogi nilijisikia mgeni katika mji niliozaliwa.

Nimeshapiga picha nyingi za mjini. Lakini moyo wa filamu uko Kinangop, kwa mzee mmoja mwenye miaka 91. Baba yake alikuwa mpishi kwenye shamba la pareto lililosimamiwa na mkimbizi kutoka Frankfurt. Bwana huyo, mkewe na binti yao mdogo walifika Kenya mwanzoni mwa 1939, miezi michache baada ya ule usiku wa Novemba 1938 ambapo masinagogi yalichomwa Ujerumani yote.

Mzee anakumbuka mkate. Kila Ijumaa baba yake alikuwa anagawa kinyunya mikia mitatu, anasuka kama nywele za msichana, anapaka yai juu. Jioni mama wa nyumba anawasha mishumaa miwili, na hakuna anayeruhusiwa kuizima hata kukiwa na upepo. Hakuna aliyemwambia mpishi sababu, kwamba ni Sabato yao. Familia ile iliondoka zamani sana, lakini mkate ulibaki: mke wa mzee anaupika Krismasi mpaka leo, na watoto wanauita "mkate wa Memsabu". Nimepiga picha mikono yake akisuka. Ndiyo dakika mbili bora zaidi nilizowahi kupiga maishani.

Sasa tatizo. Nilimuuliza mzee yule bwana alienda wapi. Akajibu, nanukuu kutoka kwenye rekodi: "Polisi walikuja na lori wakamchukua. Alikuwa Mjerumani, mtu wa Hitla. Serikali ilijua. Mimi nilimwona kwa macho haya, amevaa kofia, hakuaga mtu."

Mtu wa Hitla! Nilibaki nimeshika kamera kama mtu aliyeshikilia sufuria ya moto asijue pa kuiweka.

Binti wa yule bwana yuko hai, ana miaka 89, anaishi London. Alinitumia picha ya pasipoti ya baba yake. Upande wa kushoto juu imegongwa herufi J nyekundu, kubwa kama kidole gumba. Katikati ya majina yake limepachikwa jina "Israel", ambalo sheria ya Hitler ya Agosti 1938 iliwalazimisha wanaume wa Kiyahudi walichukue. Mtu alikimbia kwa sababu ya herufi ile, akavuka bahari, na vita vilipotangazwa tarehe 3 Septemba 1939 serikali ya koloni ikamkamata kwa kuwa ni Mjerumani. Mkewe na mtoto wakaletwa Nairobi kuwekwa hotelini chini ya ulinzi. Baada ya majuma machache wakaachiliwa.

Isitoshe, yule mama wa London anasema mpishi alisimama getini akilia. Mzee wangu anasema baba yake alikuwa amejificha kwenye stoo ya pareto akiogopa naye atabebwa.

Nimkate mzee pale aliposema "mtu wa Hitla"? Niweke maandishi chini ya uso wake kusema amekosea? Niingize sauti ya msimulizi? Kila njia naiona mbaya. Nikimwacha, yule mama ataumia na mtazamaji atapotoka. Nikimsahihisha mbele ya watu, nimemdhalilisha mzee aliyenipa chai na viazi akanifungulia boma lake.

---

Kijana_wa_Kayole:

Kata dada. Hiyo si maoni, ni kosa. Watu wa siku hizi wakiona klipu ya sekunde kumi ndiyo hiyo wanasambaza, hawatangoja pasipoti. Kesho utaikuta inazunguka kwenye simu za watu: "Mzee afichua". Mimi nimeona.

---

Mkasi:

Kijana ana hoja kuhusu klipu kusambaa, lakini usikate. Mimi ni mhariri wa video, mwaka wa kumi na nne huu, na ninachojua ni kwamba kosa ukilifuta, unafuta pia alama ya mahali lilikotoka.

Nikupe mfano. Kuna picha za sinema zilizopigwa kambi ya Westerbork, Uholanzi. Mkuu wa kambi alimwamuru mfungwa Myahudi, Rudolf Breslauer, apige picha maisha ya kambi. Tarehe 19 Mei 1944 akapiga treni ikipakia watu. Kwa sekunde kama saba hivi anaonekana msichana amefunga kitambaa kichwani, anachungulia kwenye upenyo wa mlango wa behewa. Kama umewahi kutazama filamu yoyote ya Maangamizi ya Wayahudi, umemwona. Kwa karibu miaka hamsini alikuwa ndiye uso wa mtoto wa Kiyahudi anayepelekwa kuuawa, kwenye vitabu, kwenye maonyesho, kila mahali, na jina lake halikujulikana.

Mwaka 1994 mwandishi wa habari Mholanzi, Aad Wagenaar, alifuatilia namba iliyoandikwa kwenye behewa na maandishi ya sanduku lililoonekana jirani, akampata. Anaitwa Settela Steinbach. Hakuwa Myahudi. Alikuwa Msinti, katika jamii za Waroma, wale wengi wanaowaita Wajipsi, ambazo Wanazi waliziangamiza pia. Aliuawa Auschwitz kabla hajafikisha miaka kumi.

Dada, alizaliwa Desemba 1934. Piga hesabu, ni rika la mzee wako.

Sasa, watu walioziona zile sekunde saba wakalia hawakudanganywa na mtu yeyote. Waliona mtoto kwenye behewa, na alikuwa mtoto kwenye behewa. Walikosea jina la kabila lake, na kosa hilo likaficha watu wengine kabisa waliokuwa wakifa palepale. Hakuna aliyezichoma zile picha baada ya 1994. Zilianza kusema zaidi.

Kwa hiyo jiulize: mzee alilipata wapi hilo neno? Hakulibuni. Lori la polisi ndilo lililomwambia. Serikali ilimchukua bwana mbele ya wafanyakazi wote na haikueleza. Kijiji kikajaza pengo. Hiyo "mtu wa Hitla" ni maneno ya serikali ya koloni, yamehifadhiwa Kinangop miaka zaidi ya themanini bila kuguswa. Hakuna faili lililotunzwa vizuri hivyo.

Ushauri wa meza ya uhariri: usiandike chochote juu ya uso wake. Mwache amalize, mwache anyamaze, usikimbilie kuondoa ule ukimya. Kisha lete pasipoti, peke yake, bila muziki. Nakuomba sana, bila muziki. Na kuhusu stoo na geti, waweke wote wawili. Claude Lanzmann, yule Mfaransa, alitengeneza Shoah, filamu ya zaidi ya saa tisa kuhusu Maangamizi, mwaka 1985 bila picha hata moja ya kumbukumbu za zamani, ni watu wanasema tu, na hakuna aliyeondoka ukumbini akiwa hajui kilichotokea.

---

Arap_Ziwa:

Nyinyi watu wa Nairobi mnapenda kuanza hadithi katikati. 1939! Je, 1903? Chamberlain, waziri wa makoloni wa Uingereza, alipompa Herzl, kiongozi wa Wazayuni, ardhi "Uganda" ya kuwahamishia Wayahudi, ilikuwa Uganda gani? Ni hapa kwetu, Uasin Gishu. Walikuwa wameihamisha tu kwenye ramani mwaka 1902, ikatoka Uganda ikaingia himaya ya Afrika Mashariki, lakini jina la zamani likaganda na mpaka leo vitabu vinasema Mpango wa Uganda. Agosti 1903 Wazayuni wakapiga kura kwenye mkutano wao Basel, 295 kwa 178, kutuma watu waje waitazame. Watatu wakaja, mwanzoni mwa 1905 wakazunguka, wakarudi kusema haifai, na mkutano wa 1905 ukaukataa mpango. Mwaka huohuo, tarehe 19 Oktoba, Koitalel arap Samoei, kiongozi wa Wanandi waliopigana na Waingereza, akapigwa risasi akiwa ameitwa kwa mazungumzo. Wayahudi hawakuja, sawa. 1908 Makaburu wakaja. Kwa babu yangu tofauti ilikuwa ipi?

Sisemi dhidi ya mtu aliyekimbia Hitler. Nasema filamu yako ikionyesha nyanda tupu zenye upepo nitazima televisheni.

---

Nyokabi_Lenzi:

@Arap_Ziwa, usizime. 1903 iko, dakika nne, na nimehoji kina mama wawili wa Kinandi. Nyanda tupu zenye upepo nilikuwa nazo kwenye mkato wa kwanza, nakiri. Nimeziondoa leo asubuhi baada ya kukusoma.

@Mkasi, hiyo namba ya behewa imenikaa kichwani. Asante kaka.

---

Mstaafu_wa_Mafaili:

Binti yangu, mimi nilishughulika na mafaili ya serikali miaka mingi, sasa nafuga nyuki. Nina mambo machache.

Kwanza, usimwone mzee kama mtu asiyejua. Siku ile ya Septemba, mbele ya sheria ya Kiingereza, yule bwana alikuwa adui kweli, kwa pasipoti yake. Hawakuangalia J. Uingereza yenyewe mwaka 1940 ilifunga maelfu ya wakimbizi wa Kiyahudi pamoja na Wanazi, wengi wakapelekwa kisiwa cha Isle of Man. Halafu Novemba 1941 Ujerumani ikatoa amri kuwa Myahudi anayeishi nje si raia tena. Kwa London ni Mjerumani, kwa Berlin si Mjerumani. Mtu mmoja. Hebu ulitie hilo kwenye filamu.

Na ile hoteli, ukiweza hakikisha ni ipi. Waliwekwa baadhi Norfolk, na Norfolk tangu 1927 ilikuwa mali ya Abraham Block, Myahudi aliyefika Kenya 1903. Kama mama yule wa London alilazwa pale, basi alifungwa katika nyumba ya Myahudi mwenzake kwa kosa la kuwa Mjerumani.

Pili, nenda jumba la Kumbukumbu za Taifa pale Moi Avenue, usiishie kwenye ghorofa ya chini yenye vinyago. Panda juu. Omba Gazeti Rasmi la koloni la miaka ya baada ya vita. Wakimbizi walioomba uraia wa Uingereza walitangazwa humo, jina na mahali wanapoishi. Ukikuta jina la bwana wako na shamba lake, una karatasi ya tatu: J ya Hitler, lori la polisi, na tangazo la kuomba uraia kwa serikali ileile iliyomkamata.

Tatu. Mzee ana miaka 91. Mwaka 1939 alikuwa na miaka mitano, pengine minne. "Nilimwona kwa macho haya." Aliona, au alisimuliwa jikoni mpaka akaona?

Nne, na hili ndilo lililonifanya niandike. Mwanamume Mkikuyu aliyekuwa na miaka ishirini mwaka 1954, wakati wa vita vya Mau Mau, ana hadithi yake ya lori. Umemuuliza?

---

Nyokabi_Lenzi:

Mzee, shikamoo. Sikumuuliza. Nimekaa naye siku tatu, nimemuuliza juu ya mkate, mishumaa, kofia ya bwana, hata rangi ya mbwa wao. Yeye mwenyewe sikumuuliza chochote. Nimesoma swali lako nikafunga kompyuta.

---

Mama_Mishumaa:

Dada Nyokabi, mimi ni Mluhya wa Kakamega niliyeolewa kwenye nyumba ya Kiyahudi hapahapa Nairobi, kwa hiyo nasema kama jirani wa ndani. Ninataka kujibu hilo la "nilimwona kwa macho haya".

Mwaka wangu wa kwanza kwenye meza ya Pasaka yao, nilipewa mboga chungu nikatafuna, machozi yakanitoka, wote wakacheka. Halafu wakasoma maneno ambayo yanasomwa kila mwaka: katika kila kizazi, mtu ajione kana kwamba yeye mwenyewe alitoka Misri. Siyo babu zake, yeye. Mkwe wangu, mtu wa hesabu asiyeamini hata utabiri wa mvua, anasema "tulipotoka Misri" kama mtu anayesema tulipotoka Machakos.

Basi mzee wako ameketi jikoni kwa baba yake, akasimuliwa, akaona. Usimtoe makosa. Kwa watu unaowatengenezea filamu hiyo, hivyo ndivyo inavyopaswa kukumbukwa.

Lakini mpigie yule mama wa London. Leo. Asije akalisikia neno hilo mara ya kwanza kwenye ukumbi wenye giza, kati ya watu asiowajua.

---

Kijana_wa_Kayole:

Nimerudi kusoma. Sawa, nimeondoa "kata". Lakini usitoe klipu ya matangazo yenye hiyo sentensi. Hapo sibanduki.

---

Nyokabi_Lenzi (baada ya siku kumi na mbili):

Wanajukwaa, nimerudi na deni la majibu.

Nilimpigia mama wa London. Nilimsomea maneno ya mzee kama yalivyo. Kimya kirefu, nikadhani mtandao umekatika. Halafu akauliza kama ule mkate bado unapakwa yai juu. Nikamwambia ndiyo. Akasema tutaongea tena Jumapili, akakata. Jumapili akanipigia yeye. Ruhusa ametoa, ila getini ni getini, mpishi alilia, hilo habadilishi. Nikamwambia sitambadilisha.

@Mstaafu, hoteli ilikuwa Norfolk. Anakumbuka wanawake wakilala wengi chumba kimoja, na nepi zikianikwa mahali ambapo mabwana walikuwa wanakunywa jini. Kwenye Gazeti Rasmi bado natafuta. Nimefika 1947, macho yamechoka.

Ijumaa nilichapisha ile pasipoti kwa rangi pale River Road, shilingi ishirini, nikapanda matatu ya Njabini. Baridi ilikuwa ya kutafuna. Safari hii sikuanza na bwana. Nilimuuliza mzee alikuwa wapi Aprili 1954.

Alinitazama kana kwamba ndiyo kwanza nimefika. Alikuwa mtaa wa Bahati, hapa Nairobi, anauza makaa. Alfajiri ya tarehe 24 wanajeshi wakazingira, wakaambiwa watoke wakae chini mistari mistari, mikono kichwani. Akaja gakunia, yule mtu aliyefunikwa gunia lenye matundu mawili ya macho. Anapita, anatikisa kichwa au hatikisi. Kwa mzee akatikisa. "Sikula kiapo wakati huo," alisema, yaani kile cha Mau Mau, "nilikula baadaye, Manyani, kwa hasira." Kambi ya kizuizini ya Lang'ata kwanza, kisha ya Manyani, miaka mitatu. Mkewe alisimama mlangoni na birika muda wote huo. Aliniambia baadaye hajawahi kumsikia akiyasema yale mfululizo hivyo.

Nikampa ile karatasi. Aliisogeza kwenye mwanga wa dirisha.

"Hii J ni ya nini?"

Nikamwambia ni ya Myahudi, kwa lugha yao.

"Nani aliigonga?"

Serikali ya Hitler.

"Na waliokuja na lori?"

Waingereza.

Kuku alikuwa analia nje, sauti imeharibika kidogo, @Mkasi utanisamehe. Mzee akaweka kiganja kifuani, hapa katikati. "Baba alikuwa na chake cha chuma, kinaning'inia na kamba. Kumbe naye bwana alikuwa na kipande." Kipande, kile kitambulisho ambacho serikali ya koloni iliwalazimisha wanaume Waafrika kukivaa shingoni.

Sikusema kitu. Kamera ilikuwa kwenye miguu yake mitatu, inaendelea. Nilidhani hapo ndipo filamu inaishia, na nilikuwa nimeshaanza kujipongeza kimoyomoyo.

Kisha akaingia mjukuu wake kutoka shule, mvulana wa darasa la sita, akaona karatasi akauliza huyu ni nani. Mzee akamketisha, akamwonyesha ile picha kwa kidole, akaanza: "Huyu ndiye bwana aliyekuwa hapa na babu yako mkubwa. Mjerumani, mtu wa Hitla. Polisi walikuja na lori…" Neno kwa neno, na kofia ikiwemo, na kutoaga. Ila safari hii alipofika mwisho aliongeza kwamba alikuwa na kipande chekundu.

Dakika kumi na moja hazijakatwa. @Mkasi, nakutumia faili usiku huu stima zikirudi, na kuku ndani.